Kutazama Nyota Katika Usiku wa Giza: Hukumu Yake, Faida Zake na Adabu Zake

Kwa jina la Mwenyezi Mungu, Mwingi wa rehema, Mwenye kurehemu.

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, aliyeumba mbingu na ardhi, akajaalia giza na nuru, akawawekea waja wake alama za kuwaongoza bara na baharini. Na sala na amani zimfikilie Bwana wetu Muhammad, na jamaa zake, na sahaba zake wote.

Ama baada ya hayo. Katika miaka hii imezuka safari ambayo wazee wetu hawakuijua kwa jina lake, nayo ni safari ya kwenda mbali na miji ili kutazama nyota pamoja na kiongozi. Watu hukodi motokaa, hutoa ujira, huenda mahali palipo na giza, na mtu mwenye ujuzi huwaonyesha nyota moja baada ya moja. Waislamu wa pwani waendao Umra, na wafanyao kazi na biashara katika nchi za Ghuba, nao hualikwa katika safari hizi. Wakirudi, watu hugawanyika makundi mawili juu ya khabari yao. Wako wasemao kwamba nyota ni kazi ya waganga wa falaki, na Mwislamu hana haja nazo. Na wako wasemao kwamba hayo ni matembezi tu, hayana hukumu wala funzo.

Makundi yote mawili yamekosa. Safari hii ina hukumu yake katika sharia, na ndani yake mna mambo mawili ambayo sala ya kila Mwislamu yayategemea, nayo ni kibla na alfajiri. Watu wengi leo hupokea mambo hayo kwa kuambiwa, wala hawajapata kuyaona kwa macho yao. Basi risala hii yaeleza hukumu ya safari hiyo, na yale ambayo Mwislamu yampasa kurudi nayo, ili ujira wake na usiku wake usipotee bure.

FASILI YA KWANZA: Kwa nini giza limekuwa jambo la kusafiriwa

Zamani giza halikuwa la kutafutwa. Mtu wa Lamu, au wa Mombasa, au wa Unguja, akitoka kibarazani baada ya sala ya Isha huziona nyota zote juu ya paa la nyumba yake. Leo taa za stima zimejaa mabarabarani, madukani na bandarini, na nuru yake haiangazi chini peke yake, bali hupanda juu, ikakutana na vumbi na mvuke ulio hewani, ikatawanyika, hata mbingu ikawa nyeupe-nyeupe kama maziwa yaliyotiwa maji. Jicho la mtu mzima, katika mahali pa giza safi, huweza kuona nyota zaidi ya 2,000 kwa wakati mmoja. Katikati ya mji mkubwa wenye taa nyingi, haoni ila chache za kuhesabika.

Katika mwaka 2016 wataalamu wa ilimu ya nyota walitoa ramani ya dunia nzima ionyeshayo nuru hiyo, wakabainisha kwamba zaidi ya thuluthi moja ya wanadamu wanakaa mahali wasipoweza kuona ule mkanda mweupe unaokata mbingu, ambao Waarabu wauita Majarra. Kwa sababu hiyo watu wameanza kulihifadhi giza kama wanavyohifadhi chemchemi za maji. Mwaka 1988 kilianzishwa chama cha kazi hiyo katika mji wa Tucson, Marekani, ambacho leo kinaitwa DarkSky International. Chama hicho huchunguza mahali, na pakiwa na giza safi na watu wake wamekubali kuzifunika na kuzipunguza taa zao, huandika cheti. Mbuga ya kwanza kupewa cheti hicho ilikuwa Natural Bridges, katika Utah, mwaka 2007. Katika bara letu la Afrika, NamibRand iliyo katika nchi ya Namibia ilipata mwaka 2012. Na mwaka 2024 walipewa watu wa Al-Ula, katika Ufalme wa Saudia, kwa ajili ya nyika za Manara na Al-Gharameel.

Risala hii imeshika mfano wa Al-Ula kuliko mahali pengine, kwa kuwa mji huo uko kaskazini ya Madina, mwendo wa zaidi ya kilomita 300 kwa motokaa, na mwenye kwenda kuzuru Madina huweza kufika huko.

FASILI YA PILI: Hukumu ya kujifunza nyota

Ilimu ya nyota ni mafungu mawili, na mwenye kuyachanganya huharamisha halali au huhalalisha haramu.

Fungu la kwanza ni kuzijua nyota kwa mahali pake, na mwendo wake, na nyakati zake, ili mtu ajue kibla, na saa za sala, na njia ya bara na bahari, na misimu. Hili ni halali, na baadhi yake ni wajibu, kama itakavyokuja. Katika Sura ya Al-An'am, aya ya 97, Mwenyezi Mungu ametaja kwamba amewawekea watu nyota wapate kuongoka kwazo katika giza la bara na bahari. Na katika Sura ya An-Nahl, aya ya 16, ametaja tena kwamba watu huongoka kwa nyota.

Fungu la pili ni kudai kwamba nyota huleta riziki, au mauti, au ndoa, au maradhi, na kutazamia mtu nyota yake kwa jina lake na jina la mamake. Hili ni haramu, na mwenye kuitakidi kwamba nyota hufanya hayo kwa nguvu zake, ametoka katika Uislamu. Imepokewa kwa Abu Daud, kutoka kwa Ibn Abbas, hadithi ya Mtume (s.a.w.) inayolihesabu fungu hili kuwa ni tawi la uchawi. Kule Hudaibiya ilinyesha mvua usiku, na baada ya sala ya asubuhi Mtume (s.a.w.) aliwafundisha masahaba kwamba asemaye mvua imetoka kwa fadhila ya Mwenyezi Mungu ndiye aliyemwamini Yeye, na asemaye imetoka kwa nyota fulani amemkufuru Mungu na kuiamini nyota. Hadithi hiyo imo katika Bukhari na Muslim.

Mfano wake kwetu ni Kilimia, nyota zile zilizosongamana ambazo Waarabu waziita Thuraya. Mkulima akisema, "Kilimia kimetoka, basi msimu wa kulima umefika," amesema kweli, wala hana dhambi, kwa kuwa ameifanya nyota kuwa ni saa ya kutazamia wakati. Akisema, "Kilimia ndicho kituleteacho mvua," ameingia katika yale yaliyokatazwa. Maneno mawili hayo yakaribiana mdomoni, na baina yake mna tafauti ya imani na ukafiri.

Basi kiongozi wa nyota akiwaonyesha watu fungu la kwanza, kumfuata ni halali, na ujira wake ni halali. Akianza kuwatabiria watu mambo yao, yapasa kumnyamazisha au kumwacha.

FASILI YA TATU: Namna safari inavyokwenda

Safari huanza jioni. Wageni huchukuliwa kutoka mjini Al-Ula, wakapelekwa nyikani Al-Gharameel, mahali penye nguzo za majabali zilizochongwa na upepo na mvua kwa dahari nyingi. Huko hutandikiwa mikeka na matakia, hupewa kahawa na chakula, na taa zote huzimwa.

Jambo la kwanza ambalo mgeni hufundishwa ni subira. Jicho halizoei giza mara moja, bali huhitaji dakika 20 hata 30 ndipo liweze kuona nyota ndogo. Mtu mmoja akiwasha simu yake kutazama saa, macho yake hurudi nyuma, na ya jirani zake pamoja naye, wakaanza kungoja upya. Kwa hivyo kiongozi hutumia taa nyekundu iliyo dhaifu, maana nuru nyekundu haiharibu sana uoni wa usiku.

Kisha huwaonyesha nyota kwa majina yake, na hapo Mwislamu huona ajabu, kwani majina mengi ambayo Wazungu wanayatumia hata leo ni ya Kiarabu. Ile nyekundu ifuatayo Kilimia huiita Aldebaran, nayo ni Ad-Dabaran, yaani yenye kufuata nyuma. Rigel ni Rijl, mguu. Altair ni An-Nasr at-Tair, tai arukaye. Fomalhaut ni Fam al-Hut, kinywa cha samaki. Majina hayo yalihifadhiwa na wanavyuoni wa Kiislamu, na mmoja wao ni Abdurrahman as-Sufi, aliyezaliwa mwaka 903 na kufa mwaka 986. Aliandika kitabu cha picha za nyota mnamo mwaka 964, na ndani yake alitaja wingu dogo katika kundi la nyota ambalo Wazungu waliita Andromeda. Wingu hilo laonekana bado kwa jicho tupu mahali pa giza. Leo imejulikana kwamba si wingu, bali ni mkusanyiko wa nyota zisizohesabika, na nuru yake huchukua kama miaka milioni 2 na nusu hata kutufikia.

Katika miezi ya baridi, Disemba hata Februari, huonyeshwa Shi'ra, nyota ing'aayo kupita zote za usiku. Nuru yake huchukua miaka 8 na nusu na zaidi kidogo kufika. Basi nuru aionayo mtoto amalizapo kuhitimu juzuu za mwanzo ilitoka huko naye angali mchanga. Nyota hii imetajwa kwa jina lake katika Sura ya An-Najm, aya ya 49, ambapo Mwenyezi Mungu amesema kwamba Yeye ndiye Mola wa Shi'ra. Wafasiri wameeleza kwamba baadhi ya Waarabu wa zama za ujahili walikuwa wakiiabudu. Mwenye kuitazama na akakumbuka aya hiyo, amefahamu usiku wote ulikuwa wa nini.

Na Suheli, ambayo baharia wa pwani huijua sana hata jina lake likawa ni jina la upande wa kusini, huko Al-Ula haipandi juu ila kidogo, kama ngumi moja ya mkono ulionyoshwa juu ya upeo wa macho. Kwetu Mombasa hupanda mara nne ya hivyo. Kwa kuiona tofauti hiyo mtu hufahamu kwa macho yake kwamba ardhi ni mviringo, na kwamba kila nchi ina mbingu yake.

FASILI YA NNE: Kibla

Hili ndilo jambo la kwanza la wajibu katika safari hii. Katika madhehebu yetu ya Shafi, kama alivyohakikisha Imamu Nawawi, kujifunza dalili za kibla ni faradhi ya kifaya kwa mkaaji mjini, kwa kuwa mihirabu na watu wajuao wapo. Ama mwenye kukusudia safari, huwa ni faradhi ya aini juu yake. Na wanavyuoni wameitaja dalili iliyo na nguvu kupita zote katika nyota kuwa ni Kutubu, nyota ya kaskazini, ambayo wengine waiita Jadi na mabaharia waiita Jahi, kwa kuwa haiondoki mahali pake ila kwa kiasi kidogo mno, na nyota nyingine zote huizunguka.

Sasa yafaa mtu wa pwani aizingatie hali yake. Mombasa na Makka zakaribia kuwa katika mstari mmoja wa kutoka kusini kwenda kaskazini. Kwa hivyo kibla cha Mombasa ni kaskazini khasa; cha Lamu huelekea magharibi kidogo, na cha Unguja na Dar es Salaam huelekea mashariki kidogo. Ndiyo sababu katika lugha yetu upande wa kaskazini huitwa pia kibla. Lakini Mombasa iko kusini ya ikweta kwa daraja 4, na nyota ya Kutubu iko chini ya upeo wa macho daima. Basi mtu wa pwani husali maisha yake yote kuelekea upande wa nyota ambayo hajapata kuiona.

Akifika Al-Ula huiona. Kimo chake juu ya upeo wa macho ni sawa na daraja za nchi aliyosimama: Makka ni kama 21, Madina kama 24 na nusu, Al-Ula kati ya 26 na 27. Ngumi moja katika mkono ulionyoshwa ni kadiri ya daraja 10. Basi Al-Ula ataikuta juu kidogo ya ngumi mbili na nusu. Kuitafuta, atazame Banati Naashi kubwa, nyota saba zilizo kama upawa, azishike zile mbili za ukingo wa upawa zilizo mbali na mkono wake, avute mstari kupita katika hizo mbili mara tano ya masafa yaliyo baina yake, ataikuta. Katika jioni za Oktoba na Novemba Banati Naashi huwa chini huko, na hapo kiongozi huonyesha kwa Dhatil-Kursi, nyota tano zilizo upande wa pili.

Hapa ndipo penye hatari, nayo ni kubwa. Mtu aliyezoea tangu utotoni kwamba kibla ni kaskazini, akisimama nyikani Al-Ula akaielekea Kutubu, atakuwa ameipa Kaaba mgongo wake. Kwani Makka iko kusini ya Al-Ula, kwa kuelekea mashariki kidogo. Kutubu yapasa iwe nyuma yake, kwa upande wa bega la kushoto. Wanafakihi waliandika hayo nchi kwa nchi: mtu wa Misri huiweka nyuma ya sikio lake la kushoto, mtu wa Iraki nyuma ya sikio la kulia, mtu wa Sham nyuma ya mgongo wake, na mtu wa Yemen mbele yake kwa upande wa kushoto. Nyota ni moja, na kila nchi ina namna yake ya kusimama nayo. Na mwenye kusali kwa ijtihadi yake, kisha akapata yakini kwamba alikosea, yampasa kuirudia sala yake kwa kauli iliyo dhahiri zaidi katika madhehebu.

Dira iliyo ndani ya simu si haramu kuitumia, walakini chuma cha motokaa huweza kuipotosha sindano yake. Mwenye kuijua Kutubu huipima dira kwa nyota, wala hasalimu amri kwa dira peke yake.

Wala ilimu hii si ngeni kwetu. Nahodha mashuhuri Ahmad bin Majid, mtu wa Julfar katika karne ya 15, aliandika vitabu vya njia za bahari, na mojawapo ni shairi la njia ya pwani ya Afrika hata Sofala. Mabaharia wa zama zake walipima kimo cha Jahi kwa vidole, kwa kibao chenye uzi kinachoitwa kamali. Na walipokwenda kusini hata Jahi ikazama baharini, walipima kwa Farkadani na Banati Naashi. Babu zetu wa majahazini walikuwa wanafunzi wa ilimu hiyo.

FASILI YA TANO: Alfajiri mbili

Jambo la pili la wajibu ni alfajiri. Sharia imefundisha kwamba ziko mbili: ya uwongo na ya kweli. Hukumu zote, za kuingia sala ya asubuhi na kuharamika chakula kwa mfungaji, zimefungamana na ya kweli. Katika Sura ya Al-Baqara, aya ya 187, Mwenyezi Mungu ameijaalia kuwa ni kubainika kwa uzi mweupe na uzi mweusi. Sahaba Adiyy bin Hatim aliweka kamba mbili chini ya mto wake, moja nyeupe na moja nyeusi, akawa akizitazama usiku, Mtume (s.a.w.) akamfahamisha kwamba makusudio ni weupe wa mchana na weusi wa usiku.

Alfajiri ya uwongo ni nuru nyembamba ndefu, yasimama kutoka mashariki kwenda juu, na wanafakihi wameifananisha na mkia wa mbwa mwitu. Sababu yake yajulikana leo: ni mwanga wa jua unaopiga vumbi jembamba lililotanda angani katika njia ya sayari. Katika nchi za kaskazini kama Bara Arabu, huonekana wazi zaidi kabla ya asubuhi katika miezi ya Septemba na Oktoba. Mjini haionekani kabisa, maana nuru ya taa moja ya barabarani yaishinda. Kwa sababu hiyo wanafunzi wengi husoma khabari yake vitabuni, na mwalimu akiwafundisha huchora ubaoni kitu ambacho naye hajakiona.

Alfajiri ya kweli haisimami, bali hulala. Huanza kama uzi wa weupe juu ya upeo wa macho, kisha ukaenea kulia na kushoto, ukazidi wala haupungui, mpaka jua lichomoze. Mtume (s.a.w.) aliwafundisha masahaba kwamba adhana ya Bilal isiwazuie daku, wala ile nuru ndefu isiwazuie, mpaka ienee upande kwa upande.

Tofauti hii ina uzito. Mwenye kusali asubuhi kwa kuiona alfajiri ya uwongo amesali kabla ya wakati, na sala yake ya faradhi haikusihi. Wala si halali kuingia katika sala na hali ana shaka kama wakati umeingia, illa apate yakini au dhana iliyojengwa juu ya dalili. Ama mfungaji mwenye shaka kama alfajiri imetoka, hukumu ya asili ni kubakia usiku, na kula kwake kwafaa, ingawa ihtiyati ni kujizuia. Basi shaka moja ina hukumu mbili, na asiyejua huzigeuza.

Ni bora mwenye kwenda nyikani asirudi kitandani baada ya nyota, bali abakie hata asubuhi azione alfajiri zote mbili, japo mara moja katika umri wake. Walakini ajihadhari na jambo moja. Akirudi nyumbani asianze kuwapinga watu wa msikiti wake kwa usiku mmoja alioushuhudia. Takwimu za nchi huhesabiwa kwa kushuka kwa jua chini ya upeo wa macho: hesabu ya Ummul-Qura ya Saudia ni daraja 18 na nusu, na ya Misri ni 19 na nusu, na baina yake mna dakika kadhaa. Hayo ni mambo ya wanavyuoni na wataalamu kuyatazama kwa siku nyingi, mahali pengi, kwa macho mengi. Aliyeona usiku mmoja amepata ufahamu, hakupata mamlaka ya kutoa fatwa.

FASILI YA SITA: Adabu za safari hii

Ya kwanza ni nia. Imepokewa katika Bukhari na Muslim kutoka kwa Ibn Abbas, alipolala nyumbani kwa mama yake mdogo Maimuna, kwamba Mtume (s.a.w.) aliamka sehemu ya mwisho ya usiku, akatazama mbinguni, akasoma aya za mwisho za Sura ya Al-Imran, kisha akatawadha na kusali. Basi kutazama kwake kulimpeleka katika sala. Mwenye kutazama akaishia katika kupiga picha, hakumfuata.

Ya pili ni kuchagua usiku. Mwislamu hahitaji kuuliza, kwani mwezi wake wa Kiislamu humwambia. Siku za mwisho wa mwezi na za mwanzo wake ndizo zenye giza. Na usiku wa 13, 14 na 15 mbalamwezi hufuta nyota ndogo zote. Mwenye kutaka kuona alfajiri na ashike siku kumi za mwanzo, ili mwezi uwe umekwisha kuchwa.

Ya tatu ni ujira. Kazi ijulikane, na muda ujulikane, na kima kijulikane kabla ya kuondoka. Mapatano yawe juu ya kuchukuliwa na kufundishwa, si juu ya kuonekana kwa nyota, kwa kuwa mawingu hayamo katika uwezo wa kiongozi.

Ya nne ni sala. Aisali Isha kwa wakati wake na kwa jamaa. Naye akiwa msafiri mwenye masharti ya safari, yamfalia kupunguza na kukusanya. Na huko nyikani ataona wazi kuchwa kwa wekundu wa magharibi, ambako kwetu Mashafi ndiko kuingia kwa Isha, na weupe ubakiao baada yake. Maongezi baada ya Isha ni makuruhu, illa yakiwa ya kheri, na kujifunza ilimu ni katika kheri. Na asisahau Witri.

Ya tano ni heshima ya mahali. Karibu na Al-Ula iko Al-Hijr, makao ya Thamudi, kaumu ya Nabii Saleh. Mtume (s.a.w.) alipopita hapo mwaka wa 9 wa Hijra, akienda Tabuk, aliwakataza masahaba kuingia katika makao ya waliojidhulumu nafsi zao illa wawe wenye kulia, wasije wakapatwa na yaliyowapata wao. Basi anayepitishwa hapo mchana, kabla ya nyota za usiku, asiingie kwa kucheka na mzaha.

Ya sita ni kuwahifadhi walio pamoja naye: asiwashe taa, asipige kelele, na wanaume na wanawake wasio maharimu wasichanganyike gizani.

FASILI YA SABA: Asiyeweza kusafiri

Wengi hawana nauli, wala hawakukalifishwa. Pwani yetu ina giza lake bado: visiwani mbali na miji, mashambani, na baharini usiku pamoja na wavuvi. Na wavuvi ni viongozi wa nyota waliopo, wengi wao wazee, na ilimu yao yazikwa pamoja nao. Mwalimu wa madrasa aweza kuwachukua vijana wakubwa kwa wavuvi hao usiku mmoja katika mwaka, mahali pasipo taa, akawaonyesha Kilimia, na Suheli, na upande wa kibla, kisha wakangoja wote alfajiri na kusali pwani kwa jamaa. Gharama yake ni mkate na chai.

Na msikiti wenye taa kubwa juu ya mnara, iwakayo usiku kucha na kumulika mbinguni, yafaa wenye kuusimamia wafikiri kuifunika imulike chini, mlangoni na penye njia. Mwenye kusali ataona njia, na fedha ya stima itapungua, na mbingu itabakia kwa mwenye kuitazama.

Hukumu iliyobainika ni hii: kusafiri kutazama nyota pamoja na kiongozi ni jambo la halali, huwa sunna kwa mwenye kukusudia kuzingatia, hufikia wajibu kwa msafiri asiyejua dalili za kibla, ikiwa hana pengine pa kujifunzia, na huwa haramu pakiingia utabiri au maasi. Tunamwomba Mwenyezi Mungu atujaalie katika wale wanaomkumbuka wakiwa wamesimama, na wamekaa, na wamelala, na wakafikiri katika kuumbwa kwa mbingu na ardhi. Amin.

Na Mwenyezi Mungu ndiye ajuaye zaidi.